Menehune wa Hawaii: walikuwa watu kweli au ni ngano za kulazia watoto?

#1 Mpishi_Melini

Wakuu salaam. Mimi ni mpishi kwenye meli ya watalii, nyumbani Tanga. Safari iliyopita tulifunga Nawiliwili, bandari ya kisiwa cha Kauai huko Hawaii, tukapewa masaa machache ya kushuka. Wenzangu wakakimbilia intaneti na kununua sabuni, mi nikapata lifti mpaka sehemu moja ya juu ambayo watu husimama kuangalia bonde. Chini unaona mto Huleia unapiga kona, na pale kwenye kona kuna bwawa kubwa la samaki limetengwa na mto kwa ukuta. Linaitwa Alekoko, lakini kila mtu anasema bwawa la Menehune.

Kulikuwa na mzee mmoja wa pale pale akanisimulia. Menehune ni watu wafupi sana, wana nguvu, wanaishi ndani huko misituni na wanafanya kazi usiku tu. Kazi isipoisha kabla ya alfajiri wanaiacha hivyo hivyo na hawarudi tena. Sasa mtoto mmoja wa kichifu na dada yake wakawaomba wawajengee bwawa, wakakubali kwa sharti moja, msituchungulie. Usiku ule wakajipanga foleni kutoka Makaweli mpaka pale, kilomita kama 40, wakawa wanapitishiana mawe mkono kwa mkono. Wale ndugu wawili uvumilivu ukawashinda wakatoka kuchungulia, wakageuzwa nguzo mbili za mawe juu ya kilima na ukuta ukabaki na mapengo.

Nikamuuliza mzee, wewe unaamini? Akaniuliza, bwawa unaliona? Nikasema naliona. Akasema basi.

Tangu siku hiyo jambo halijanitoka kichwani. Ukuta upo, mtu ameujenga. Sasa hawa Menehune walikuwa watu kweli wakaja kuitwa majina, au ni ngano tu? Wanaojua historia ya visiwa vile naomba mje.

#2 Siti_ya_Mbele

Nimekaa hapa nasubiri wajuzi. Mkuu ungetupia na picha.

#3 Kinyamkera

Kila pwani ina yao. Sisi tuna vibwengo, wao wana Menehune. Bibi yangu alikuwa anasema kibwengo ukimkuta ufukweni usiku usimsemeshe, na hakuna aliyewahi kuuliza kibwengo alijenga nini. Mtu akiona kazi kubwa hajui nani kaifanya, anasema majini. Hiyo ndo chanzo, sioni haja ya uzi mrefu.

#4 MwanaTarikhi

Kinyamkera usikimbilie kufunga uzi. Kuna maelezo ambayo wanahistoria wa zamani waliyapenda sana na bado yana watu wake.

Kwa Kitahiti kuna neno manahune, na maana yake ni watu wa kawaida, makabwela, tabaka la chini kabisa chini ya machifu. Menehune ndo neno hilo hilo. Sasa nadharia inasema Hawaii ilikaliwa mara mbili. Wa kwanza walitoka visiwa vya Marquesas, halafu baadaye wakaja wengine kutoka Tahiti wakiwa na machifu wakubwa na makuhani, na mapokeo yenyewe ya Hawaii yanamtaja kuhani Paao aliyetoka Kahiki (ndo Tahiti, au nchi za mbali ng'ambo ya bahari) akaleta chifu mpya, mahekalu mapya na sheria kali. Wale wa mwanzo wakasukumwa bara, mabondeni, wakafanywa watumishi wa kujenga mifereji na mabwawa. Wageni wakawaita manahune kwa dharau, wanyonge wale. Miaka ikapita, "wadogo wa cheo" ikawa "wadogo wa kimo".

Kwa hiyo jibu kwa mleta mada: watu halisi ndio, wafupi hapana.

#5 Mwalimu_Nahau

MwanaTarikhi kwenye neno manahune uko sawa, ila hayo ya safari mbili yamepunguziwa nguvu. Zamani vitabu vilisema Hawaii ilikaliwa tangu karne ya nne au ya tano. Vipimo vipya vya kaboni vimevuta mbele mpaka kati ya mwaka 1000 na 1200 hivi. Sasa ukibanwa hivyo, nafasi ya "taifa la kwanza" kukaa karne nyingi peke yake hadi lisahaulike asili yake inakuwa finyu.

Na kuna upande mwingine kabisa. Mtafiti Katharine Luomala alizipitia hadithi hizi na kuchapisha kazi yake mwaka 1951. Yeye aliona Menehune kama vijitu vya kichawi vinavyofanya kazi usiku ni sura iliyokuja baada ya Wazungu kufika. Wazungu walikuja na hadithi zao za vijitu vinavyosaidia kazi za nyumbani usiku, wakasikia neno menehune, wakalivisha nguo yao. Hadithi nyingi tunazosoma leo zilichapishwa kwa Kiingereza mwisho wa karne ya 19 na mwanzo wa 20, nyingine na watoto wa wamisionari. Ukilijua hilo unajiuliza ni sauti ya nani hii ninayoisikia.

#6 Mpishi_Melini

Shukrani Mwalimu. Ila hapo napata ukakasi. Yule mzee aliniambia pia kwamba zamani chifu mkuu wa Kauai, Kaumualii, alihesabu watu wake, na ndani kabisa ya bonde la Wainiha wakapatikana watu 65 waliojiandikisha kuwa wao ni Menehune. Hii nimeikuta pia imeandikwa, inatajwa mwaka 1820 hivi. Sasa kama ni ngano ya Wazungu, hao 65 walikuwa kina nani? Mtu anajiandikisha vipi kuwa kibwengo?

#7 MwanaTarikhi

Asante Mpishi! Hao ndio mabaki ya manahune ninaowasema. Mtu hawezi kujiita "mdogo wa kichawi" mbele ya karani, ila anaweza kujiita jina la ukoo wake au la tabaka lake.

#8 Mwalimu_Nahau

Au watu 65 walioulizwa nyinyi ni nani wakajibu "sisi watu wa chini tu". Hesabu hiyo haisemi urefu wao. Na wanaoinukuu wengi wanaipata kwa masimulizi yaliyoandikwa baadaye sana.

#9 Buda_wa_Muranga

Hii story naijua kabisa, sisi Wakikuyu tuko na Agumba. Guka (babu) alikuwa anatuonyesha mashimo shambani anasema hapa ndio Agumba walikuwa wanaishi, watu wafupi, walikuwa hapa kabla yetu, walijua kufua chuma na kufinyanga vyungu, halafu wakapotea. Hakuna mtu anaweza kukwambia walienda wapi. Sasa mkisema ya Hawaii ni ya Wazungu, ya Agumba nani alituletea? Mimi naona watu wakihama wanakutana na wengine, wanawamaliza ama wanaoana nao, halafu wanabaki na story ya watu wafupi ndio wasikie vizuri.

Na si kule Indonesia walipata mifupa ya watu wafupi wa mita moja? Kisiwa cha Flores, 2003. Labda ndio hao walipanda mashua wakafika Hawaii. Alafu msisahau Hawaii ni kwetu, Obama mkubwa, babake rais wa Marekani, alienda kusoma Honolulu 1959, kwa hiyo Wakenya tuko na kura kwa huu uzi.

#10 Mwalimu_Nahau

Kura unayo Buda, lakini Flores hapana. Wale walitoweka makumi ya maelfu ya miaka iliyopita na hakuna dalili kwamba walivuka bahari kuu. Kutoka Flores mpaka Hawaii ni karibu nusu ya Pasifiki yote. Na Hawaii haijapatikana mifupa ya taifa la watu wafupi, wamechimba sana.

Ya Agumba ni hoja nzuri lakini, na sina jibu lake.

#11 Kinyamkera

Hawaii si ndiko walikomla yule nahodha Muingereza?

#12 MwanaTarikhi

Hawakumla. Captain Cook aliuawa ghuba ya Kealakekua tarehe 14 Februari 1779. Boti yake ilikuwa imeibwa, akashuka kumkamata chifu Kalaniopuu amshike mpaka boti irudishwe, watu wakamkatalia na pakawaka. Mwili wake ulifanyiwa kama unavyofanyiwa mwili wa chifu mkubwa, nyama inatolewa mifupa inahifadhiwa maana nguvu ya mtu iko kwenye mifupa. Sehemu ya mifupa walirudishiwa mabaharia wakaizika baharini. Waliosikia juu juu ndo wakatengeneza habari ya kuliwa.

Na hapo pia kuna ugomvi mkubwa. Alifika wakati wa Makahiki, msimu wa mungu Lono, miezi kama minne, vita marufuku. Mwanaanthropolojia Marshall Sahlins akasema watu walimpokea kama Lono mwenyewe. Mwenzake Gananath Obeyesekere akamjibu 1992 kwamba hiyo ni ndoto ya Wazungu kujiona miungu, wenyeji hawakuwa wajinga kiasi hicho.

#13 Mpishi_Melini

Tusitoke sana kwenye bwawa wakuu.

#14 Mama_wa_Kaneohe

Hamjambo. Mimi ni Mkenya wa Mombasa, nimeolewa huku kisiwa cha Oahu miaka kumi na kitu sasa, nawasoma tangu jana na nimeona niandike.

Kwanza Mwalimu, mimi sikatai vitabu, lakini bibi ya mume wangu, sisi tunamwita tutu, hajawahi kusoma hao kina Luomala na Menehune anawajua kutoka kwa bibi yake. Hapa ukipoteza kitu ndani ya nyumba halafu ukakipata mahali hukukiweka, yeye anasema ni Menehune, anasema bila kucheka. Na anakataza watoto kuwadhihaki.

Pili, mambo ya usiku huku ni mengi kuliko hayo. Kuna wanaoitwa huakai po, msafara wa usiku, roho za wapiganaji wa zamani wanaopita na ngoma na mienge kwenye njia zao za kale. Ukiwasikia unalala kifudifudi, hutazami kabisa. Utapona tu kama kwenye msafara yumo babu yako akasema "nau", maana yake huyu wangu. Ndio nyumba nyingi zimepandwa mmea wa ki pembeni, majani yake ni kinga. Na sisi tumepanda.

Na kuna barabara ya Pali, inayokata milima kutoka Honolulu kuja upande wetu. Haupiti na nyama ya nguruwe usiku. Pele ndiye mwenye volkano na Kamapuaa ni nusu mtu nusu nguruwe, walikuwa wapenzi wakagombana, wakagawana ardhi kila mtu na upande wake, sasa ukibeba nguruwe unavusha mpaka wao. Mimi nguruwe sili lakini mgeni wetu mmoja aliweka chombo cha nyama kwenye buti bila kuniambia, gari ikazima mlimani saa nne usiku kwenye mvua. Tulikaa pale. Akatoa ile nyama akaiacha kando ya barabara, gari ikawaka. Fundi kesho yake alisema ni unyevu umeingia kwenye mfumo wa umeme. Mimi nimewapa yote mawili.

#15 Siti_ya_Mbele

Aisee.

#16 Kinyamkera

Fundi ana haki yake hapo mama. Lakini mbona Pali ndo panatisha hivyo? Kuna kilichotokea?

#17 Mama_wa_Kaneohe

Kilitokea. Mwaka 1795 chifu Kamehameha wa kisiwa kikubwa alipokuwa anaviunganisha visiwa alipigana na watu wa Oahu bonde la Nuuanu, akawasukuma juu mpaka kwenye genge la Pali, mamia wakaanguka, wengine wakasukumwa, wengine wakajirusha wenyewe. Wajenzi wa barabara miaka ya 1890 mwishoni walikuta mafuvu kama 800 chini pale. Ukisimama pale upepo unakusukuma rudi nyuma. Hata wasioamini chochote wananyamaza.

#18 Mfugaji_wa_Mwatiko

Mimi nafuga mwatiko mabwawa ya maji chumvi huku kusini, naomba niseme la bwawa lenyewe maana naona mnalipita.

Hayo mabwawa ya Hawaii wanaita loko ia. Nilishawahi kuhudhuria semina wakatuonyesha michoro, niliduwaa. Wanajenga ukuta wa mawe kukata ghuba au kona ya mto, ukuta wenyewe unapumua maji. Halafu wanaweka lango linaitwa makaha, fito zimesimama zimeachana kidogo tu. Vifaranga vya samaki vinapenya kuingia kutafuta chakula, ndani kuna mwani, vinakula vinanenepa, vikitaka kutoka haviwezi tena, vimeshakuwa vipana. Maji yakijaa samaki wenyewe wanakusanyika langoni kufuata maji mapya, unawachota. Hakuna chakula unanunua, hakuna pampu. Na samaki wenyewe ni mkizi na mwatiko! Mwatiko wetu huu huu. Mi hapa nahangaika kutafuta vifaranga kila msimu, wenzetu miaka mia kadhaa iliyopita walikuwa wameacha mlango wazi tu vinakuja vyenyewe.

Sasa mtu aliyefikiri lango lile alikuwa anakaa na samaki mchana na usiku, anajua wanatembea saa ngapi, maji yanapanda vipi. Hiyo sio kazi ya usiku mmoja.

#19 Mpishi_Melini

Mkuu umenifungua macho. Kitu kingine nilichoona, pale Alekoko mzee alisema bwawa lilikuwa limemezwa na mikoko mpaka halionekani, watu wa kujitolea wakaing'oa miaka kadhaa. Nikashangaa, sisi tunapanda mikoko wao wanang'oa?

#20 Mfugaji_wa_Mwatiko

Ndio, Hawaii haikuwa na mikoko kabisa. Ililetwa 1902 kisiwa cha Molokai na kampuni ya sukari ishike tope lisiende baharini, ni ule wa Amerika, ikasambaa. Mizizi yake inavunja kuta za mawe na kuziba maji. Kitu kimoja, huku ukikikata unakamatwa, kule ukikikata unapongezwa. Na Alekoko lilinunuliwa mwisho wa 2021 likawekwa mikononi mwa jumuiya ya watu wa pale, kabla ya hapo lilikuwa mali ya mtu binafsi na lilikuwa limetangazwa sokoni.

#21 Mjukuu_wa_Engaruka

Nilikuwa nasoma tu kimya lakini Mfugaji kasema neno. Mimi kwetu ni karibu na Engaruka, chini ya Bonde la Ufa. Kuna mifereji ya mawe, matuta, mashamba maelfu ya ekari yaliyomwagiliwa maji kuanzia karne ya 15 mpaka ya 18 hivi, halafu wenyewe wakaondoka. Tangu utoto nasikia "haijulikani nani alijenga". Wengine wanasema Wairaqw, wengine Wasonjo, wengine wanaleta watu ambao hawajawahi kuwepo. Zimbabwe Kuu walisema Wafoinike. Kilwa na Gedi miaka yote waliambiwa ni Waarabu na Waajemi, Waswahili wenyewe hawamo.

Ndo maana nikisikia "vijitu vya usiku" moyo unaniuma. Waliolijenga bwawa lile walikuwa na majina na migongo iliyouma. Walibeba mawe kwa amri ya chifu. Mnajua malipo ya Menehune kwenye hadithi ni nini? Uduvi mmoja kwa kila mtu. Chifu Ola wa Waimea aliwajengesha mfereji usiku mzima akawalipa uduvi mmoja mmoja, na hadithi inasema walifurahi sana. Mimi nasoma hapo naona kabwela aliyefanyishwa kazi kubwa kwa malipo ya kuchekesha, na hata jina lake likafichwa ndani ya ngano.

#22 Mwalimu_Nahau

Mjukuu, hii ndio posti iliyonigusa kuliko zote humu. Na inakutana na ile maana ya manahune bila kuhitaji safari mbili za MwanaTarikhi. Makabwela walijenga. Hadithi ya mwanzo inaweza ilikuwa inasema hivyo hivyo, "manahune walijenga", kila mtu akaelewa. Maana ya neno ilipobadilika, wajenzi wakapotea.

#23 MwanaTarikhi

Safari zangu mbili mmezizamisha bila huruma. Lakini mfereji wa Waimea mnaoutaja, Kikiaola, una kitu kimoja ambacho hamjakigusa. Mawe yake yamechongwa. Yamepigwa bapa, yamekatwa kona zikaingiliana. Wahawaii walikuwa wajenzi hodari lakini karibu kila mahali walipanga mawe kama yalivyo bila kuyachonga. Mfereji ule unajitenga na kazi nyingine. Sasa nani alichonga? Ndo maana watu wa Kauai walisema hii si kazi yetu, ni ya wengine.

#24 Mfugaji_wa_Mwatiko

Au fundi mmoja tu aliyekuwa bora kuliko wenzake, na chifu aliyetaka sifa. Kila kijiji kina fundi mmoja ambaye kazi yake unaijua ukiiona. Ule mfereji ulipeleka maji kwenye mashamba ya kalo, na kalo ni magimbi yetu haya. Gimbi la majini linataka maji yanayotembea, yakisimama linaoza. Ukuta ukivuja umekosa chakula. Hapo mtu atachonga tu.

#25 Mama_wa_Kaneohe

Na kalo si chakula tu. Hapa wanasema mtoto wa kwanza wa Wakea na Hoohokukalani alizaliwa hajatimia, akazikwa, pakaota kalo. Mtoto wa pili akazaliwa mzima akaitwa Haloa jina la yule wa kwanza, na ndiye baba wa watu. Kwa hiyo gimbi ni kaka mkubwa. Bakuli la poi (kalo iliyopondwa) likiwa wazi mezani watu hawagombani, ni kama kugombana mbele ya kaka. Nyumbani kwetu tunaifuata hiyo, na imeokoa ugomvi mwingi.

#26 Kinyamkera

Sasa mmenivuta. Nimeenda kusoma habari za huyo Pele (jina lenyewe kwetu ni la kuwasha, Mola humpa pele msi kucha). Anatoka Kahiki, dada yake Namakaokahai ambaye ni bahari anamfukuza. Anachimba shimo la moto Kauai, dada anamwaga maji. Anahamia Oahu, yale yale. Molokai, Maui, kila kisiwa moto unazimwa, mpaka anafika kisiwa kikubwa cha mwisho ndo anakaa kwenye volkano ya Kilauea mpaka leo. Jiolojia inasemaje hapo?

#27 Mpasua_Miamba

Jiolojia inasema Pele kapita njia sahihi. Nimesoma miamba chuo, swali hili lilitushangaza darasani. Chini ya Pasifiki kuna sehemu moja ya moto haihami, bamba la juu ndo linasogea kwenda kaskazini magharibi. Kila kisiwa kinazaliwa juu ya moto kisha kinabebwa. Kauai ina kama miaka milioni 5, Oahu kama milioni 3, Maui chini zaidi, kisiwa kikubwa hakijafika milioni 1. Ndo mpangilio ule ule wa safari ya Pele. Waliosimulia hawakuwa na mashine ya kupima umri. Waliangalia tu: huku milima imeliwa na mvua na udongo mwekundu mzito, kule mawe meusi mapya. Walisoma mmomonyoko.

Na kusini mashariki kuna mlima mwingine chini ya bahari, kilele bado mita 900 na kitu kufika juu. Zamani ukiitwa Loihi, tangu 2021 unaitwa Kamaehuakanaloa, mtoto wa Kanaloa, mungu wa bahari, jina lililotoka kwenye nyimbo zao za kale. Yaani hata kisiwa kijacho kina jina tayari.

#28 Buda_wa_Muranga

Wueh. Sasa hiyo ni ngano ama ni sayansi?

#29 Mwalimu_Nahau

Kwa Kihawaii kuna maneno mawili, moolelo na kaao. Kaao ni karibu na ngano, imetungwa ipendeze. Moolelo ni mfululizo wa maneno, kilichosimuliwa mtu kwa mtu, na humo humo mna historia, mna nasaba, mna Pele. Hawatengi kama tunavyotenga sisi kwa madaftari ya shule. Sisi nasi kabla ya hapo tulikuwa na tarikhi na hekaya na mara nyingi kitabu kimoja kilibeba zote.

#30 Siti_ya_Mbele

Na ile ya ukichukua jiwe la volkano unapata mikosi? Nimeona watu wanarudisha kwa posta.

#31 Mama_wa_Kaneohe

Wanarudisha kweli, hifadhi ya volkano inapokea mawe kila mwaka na barua za kuomba msamaha, mtu kaachika, mtu kafukuzwa kazi. Lakini ukiwauliza wazee wengi wanasema laana hiyo si ya zamani. Wapo wanaosema ilitungwa na mlinzi wa hifadhi aliyechoka na wezi wa mawe, wapo wanaosema madereva wa mabasi ya watalii walichoka kufagia changarawe. Tutu anasema tofauti: haichukuliwi kwa sababu si yako. Basi.

#32 Kinyamkera

Kwa hiyo ya Menehune inaweza kuwa ya Wazungu, ya mawe ya madereva, ya Pele ni ya kweli. Mtu ajue vipi ipi ni ipi?

#33 Mwalimu_Nahau

Kwa kwenda kwenye maandishi ya wenyewe, na yapo mengi kuliko watu wanavyodhani. Gazeti la kwanza la Kihawaii lilichapwa 1834 pale Lahainaluna, kisiwa cha Maui, na mpaka 1948 yalikuwa yametoka magazeti zaidi ya mia, kurasa zaidi ya laki moja. Neno lao la gazeti ni nupepa, sikilizeni lilivyo. Wazee waliandika moolelo humo kwa mfululizo wiki kwa wiki, na wasomaji waliandika kusahihisha, "hapo umekosea, kwetu tunasimulia hivi". Ni kama uzi huu.

Halafu 1893 malkia Liliuokalani akapinduliwa, na 1896 ikatungwa sheria Kiingereza kiwe ndio lugha ya kufundishia. Watoto waliadhibiwa kwa kusema lugha yao. Kufika mwanzo wa miaka ya 1980 walibaki watoto wasiofika 50 wanaoisema. Kurasa zote zile zikawa zimelala hakuna wa kuzisoma. Chekechea ya kwanza ya kuirudisha, Punana Leo, maana yake kiota cha sauti, ilifunguliwa 1984 Kekaha, kisiwa kile kile cha Kauai. Waliotoka humo ndio wanaozisoma nupepa sasa. Jibu la Menehune labda wanalo wao na bado wanafungua kurasa.

#34 Nahodha_Ngalawa

Asalaam. Nimechelewa ila nina langu dogo. Mtumbwi wao una tengo moja (ule mti wa pembeni unaozuia usipinduke), ngalawa yetu ina matengo pande zote mbili, lakini wataalamu wanasema ufundi ule ulikuja pwani hii na watu wale wale wa mashariki waliokwenda Bukini, yaani Madagaska. Kibuki na Kihawaii ni ndugu. Wabuki wanasema roa, telo, dimy, valo, Wahawaii lua, kolu, lima, walu. Mbingu kwa Kibuki lanitra, kwa Kihawaii lani. Jicho maso, wao maka. Ukoo mmoja umeshika bahari mbili. Jee, na Wabuki hawana Menehune?

#35 Mwalimu_Nahau

Nahodha umeuliza swali! Wanao. Wanaita Vazimba, watu wa mwanzo wa kisiwa, wanasimuliwa kuwa wafupi, waliosukumwa na waliokuja baadaye. Makaburi yao yanaheshimiwa.

#36 MwanaTarikhi

Nilisema mimi! Safari mbili!

#37 Mwalimu_Nahau

Au ukoo mmoja wenye mtindo mmoja wa kusimulia, wameubeba kwenye mitumbwi yao huku na kule. Na Agumba wa Buda bado wamekaa pale hawana mtumbwi wowote.

#38 Mjukuu_wa_Engaruka

Mi bado niko na wabeba mawe.

#39 Mama_wa_Kaneohe

Mjukuu, basi hii ni yako. Karibu na kwangu kuna bwawa la Heeia, ukuta wake unazunguka kama kilomita mbili. Mafuriko ya 1965 yalibomoa kipande kikubwa, na mwezi wa 12 mwaka 2015 ndipo pengo hilo likazibwa. Kuna siku za Jumamosi watu wanaitwa kusaidia ukuta. Nilienda na mume wangu na watoto. Tulipangwa foleni, wazee, wanafunzi, wageni kama mimi, na mawe yakaanza kuja mkono kwa mkono. Hubebi hatua hata moja, unapokea kushoto unatoa kulia, jiwe likikuzidi jirani anashika nawe. Baada ya saa moja sikujua tena nani ameanza na mawe yanaishia wapi, nilikuwa nasikia tu sauti ya jiwe likipigana na jiwe mbele huko. Mwanangu wa miaka saba alikuwa anapitisha vile vidogo vya kujazia katikati. Tutu alikuwa kivulini akatuambia, sasa mmewaona Menehune.

#40 Mpishi_Melini

Mama hapo umenimaliza. Tukirudi Nawiliwili namtafuta yule mzee namsimulia.

#41 Kinyamkera

Na uduvi mlilipwa?

#42 Mama_wa_Kaneohe

Tulilishwa samaki na kalo. Uduvi hapana.